Ashley: jina la kiume lililohamia kwa kina dada

Najua wengi wenu mko na madesa ya mwisho wa muhula, lakini pumzikeni dakika chache tupige historia kidogo. Na si ile ya Mkutano wa Berlin, hiyo tumeila tangu form two mpaka imetuchosha. Leo nataka historia ya neno moja tu, jina la mtu: Ashley.

Sisi wa ualimu tutakutana nalo tu. Ukiingia darasani unapewa daftari la mahudhurio lenye safu ya ME na KE. Neema unajua, Brian unajua, halafu unafika kwa Ashley. Mpenzi wa soka ataandika ME bila kufikiri, maana anamkumbuka Ashley Cole akipanda na kushuka upande wa kushoto wa Arsenal na baadaye Chelsea, na Ashley Young pale Man U. Mpenzi wa filamu ataandika KE, anamfikiria Ashley Judd, au wale pacha Mary-Kate na Ashley Olsen. Na huku kwetu Afrika Mashariki ukisikia mtoto anaitwa Ashley, mara nyingi ni binti. Sasa nani kapatia? Wote. Ila jinsi ilivyofika hapo ndo kuna stori, na stori yenyewe imepita kwenye misitu, kwenye ikulu za wafalme, kwenye mashamba ya watumwa na kwenye tamthilia za mchana.

Tuanze msituni. Kiingereza cha zamani kabisa, kile cha kabla ya Wanormani kuivamia Uingereza mwaka 1066, kilikuwa na maneno mawili: æsc na lēah. Æsc ni mti uitwao ash, mti mgumu lakini unaopinda bila kuvunjika, ndiyo maana watu wa kule waliutumia kwa mipini ya shoka na nyundo, makasia na mikuki. Tena washairi wao wa kale walikuwa wakisema æsc wakimaanisha mkuki wenyewe. (Siku hizi mti huu una hali mbaya, kuna ugonjwa wa ukungu ulioripotiwa Poland mwaka 1992 na kuonekana Uingereza 2012, unaua miti kwa wingi sana.) Lēah nayo ni uwazi katikati ya msitu, mahali palipofyekwa watu wakae na kulima. Kwa hiyo Ashley ni "uwazi penye miti ya ash". Basi. Hakuna mwanamke hapo wala mwanaume, ni pori lililofyekwa tu.

Ukishaijua hiyo lēah, ramani nzima ya Uingereza inafunguka. Burnley ni uwazi kando ya mto Brun. Wembley ni uwazi wa bwana mmoja aliyeitwa Wemba. Bradley ni uwazi mpana. Stanley ni uwazi wenye mawe, kwa hiyo yule mzee aliyemkuta Livingstone Ujiji mwaka 1871, na ambaye jina lake lilibandikwa Kisangani ikaitwa Stanleyville hadi 1966, alikuwa anatembea na jina la kijiji chenye mawe ambalo hata halikuwa lake, maana alizaliwa Wales akiitwa John Rowlands. Na hapa mashabiki wa ligi ya Uingereza wanisikilize: kuanzia 2017 Burnley ilikuwa na Ashley Barnes na Ashley Westwood kwa wakati mmoja. Yaani nyuwazi mbili zinacheza kwenye uwazi wa tatu! Teh teh.

Wala tusiwacheke, sisi wenyewe tuna Mbuyuni, Mikocheni, Mwembechai na Mnazi Mmoja. Na wako wanahistoria wanaolihusisha neno mtemi na kutema, yaani kufyeka pori, kwamba aliyefungua msitu ndiye aliyekuwa mkubwa wa mahali. Kufyeka ni jambo kubwa kila mahali. Tofauti ni kwamba sisi hatujaanza kuwaita watoto Mbuyuni.

Wenzetu walianza. Baada ya Wanormani kuja, mtu alijulikana kwa mahali anapotoka, na taratibu hilo likawa jina la ukoo linalorithiwa. Vijiji viitwavyo Ashley viko vingi, Cheshire kipo, Wiltshire kipo, Staffordshire kipo, kwa hiyo koo za Ashley nazo zikawa nyingi na hazina undugu wowote. Halafu karne ya 16 na ya 17 ikaja mtindo mwingine kwa familia zenye ardhi: kulichukua jina la ukoo na kumpa mtoto kama jina lake la kwanza. Msomi William Camden aliliandika jambo hili mwaka 1605, akaona ni tabia ya Waingereza kuliko mataifa mengine. Kwa nini wafanye hivyo? Sababu kubwa ni mali. Ukiwa huna mtoto wa kiume, jina lako linakufa na shamba linakwenda kwa ukoo mwingine. Basi unamwambia mkweo: binti yangu mchukue, urithi uchukue, lakini jina langu mtalibeba.

Ndivyo ilivyotokea kwa mtu ambaye kwa maoni yangu ndiye mhusika mkuu wa stori hii, Anthony Ashley Cooper, aliyezaliwa Dorset mwaka 1621. Baba yake alikuwa Cooper. Babu mzaa mama alikuwa Sir Anthony Ashley, tajiri ambaye mrithi wake alikuwa binti, na ilikubaliwa kwamba mtoto abebe jina la babu. Tazameni sasa: jina ambalo leo tunabishana kama ni la kike lilihifadhiwa kwa kupitia kwa mwanamke tangu mwanzo, ila yeye mwenyewe hakupewa. Alikuwa daraja tu la kulipitisha jina kutoka kwa baba yake kwenda kwa mwanawe.

Huyu Ashley Cooper alikuja kuwa mwanasiasa hatari. Mwaka 1661 alipewa cheo cha Baron Ashley, na 1672 akawa Earl wa kwanza wa Shaftesbury. Alikuwa mmoja wa mawaziri watano wa mfalme Charles wa Pili ambao herufi za mwanzo za majina yao, Clifford, Arlington, Buckingham, Ashley na Lauderdale, ziliunda neno CABAL, neno ambalo Waingereza walikuwa nalo tayari likimaanisha kikundi cha watu wanaopanga mambo yao gizani. Bahati iliyoje kwa wapinzani wao!

Lakini kinachotuhusu zaidi ni Amerika. Mwaka 1663 mfalme aliwapa mabwana wanane koloni la Carolina, na Ashley alikuwa mmoja wao. Mji wa Charleston ulianzishwa 1670, na mito miwili inayoukumbatia ikapewa majina yake yote mawili: Ashley na Cooper. Mwaka 1669 ilitungwa katiba ya koloni hilo, na katibu wake alikuwa John Locke, ndiyo, Locke yule yule tunayemsoma kwenye falsafa ya elimu, mtu wa uhuru na haki za asili. Katiba hiyo ilimpa kila mtu huru wa Carolina mamlaka kamili juu ya watumwa wake weusi. Ashley na Locke wote wawili walikuwa na hisa kwenye kampuni ya kifalme ya biashara ya Afrika, ambayo bidhaa yake moja kubwa mnaijua. Baadaye kandokando ya mto Ashley yakaota mashamba makubwa ya mpunga, na Charleston ikawa bandari kubwa kuliko zote za Amerika ya Kaskazini kwa kuingiza Waafrika waliotekwa.

Miaka mia mbili mbele, ukoo ule ule ukamtoa mtu wa namna nyingine. Earl wa saba, aliyezaliwa 1801, naye Anthony Ashley Cooper, kwa muda mrefu alijulikana bungeni kama Lord Ashley. Huyu ndiye aliyesukuma sheria ya 1842 iliyokataza wanawake na wavulana wa chini ya miaka 10 kufanya kazi chini ya ardhi kwenye migodi ya makaa ya mawe. Alipigania saa kumi za kazi viwandani mpaka sheria ikapita 1847, japo ilipopita mwenyewe hakuwamo bungeni. Na kwa sisi walimu, alikuwa rais wa umoja wa shule za bure za watoto maskini kule London, ulioanza 1844. Ukiona ile sanamu ya kijana mwenye mbawa na upinde pale Piccadilly Circus, ambayo watu huiita Eros, iliwekwa 1893 kwa kumkumbuka yeye. Karne yote hiyo Ashley lilikuwa jina la wavulana, la heshima, lina harufu ya ubwana.

Sasa wadau, hapa naomba msome polepole.

Wakati Lord Ashley anapigania watoto wa migodini, ng'ambo ya bahari, kwenye mji wenye mto Ashley, kulikuwa na mtoto wa kike mweusi aliyeitwa Ashley. Alikuwa mtumwa. Mama yake aliitwa Rose. Tunachokijua juu yao kinatoka kwenye mfuko wa kitambaa cha pamba, mfuko wa kawaida kabisa wa kuwekea nafaka au mbegu. Mfuko huo uliokotwa kwenye soko la vitu vikuukuu Tennessee mwaka 2007. Juu yake kuna maneno yaliyotariziwa kwa uzi na mwanamke anayeitwa Ruth Middleton, mwaka 1921. Anaeleza kwamba Rose, mama wa bibi yake, alimpa Ashley mfuko huu siku Ashley alipouzwa, akiwa na miaka 9, huko South Carolina. Ndani aliweka gauni lililochakaa, konzi tatu za njugu za pekani, na msuko wa nywele zake mwenyewe. Akamwambia mfuko umejaa upendo wake siku zote. Hawakuonana tena. Anamaliza kwa kusema Ashley ni bibi yake, halafu jina na mwaka.

Mwanahistoria Tiya Miles aliandika kitabu kizima juu ya mfuko huu, kilitoka 2021 na kikashinda tuzo kubwa ya taifa ya vitabu kule Marekani. Yeye na watafiti wengine walipekua orodha za mali za mabwana wa South Carolina, na mahali ambapo majina Rose na Ashley yanakutana kwa namna inayoelekea kuwa ndiyo wenyewe ni kwenye mali ya tajiri wa Charleston, Robert Martin, aliyefariki 1852. Kwenye orodha hiyo Rose ana thamani ya dola 700. Ashley dola 300. Wako pamoja na vitu vingine vya marehemu.

Nimelifikiria sana jambo moja. Ashley kwa binti, tena mtumwa, miaka ile ya 1850, lilikuwa jina adimu mno. Lilikuwa jina la mabwana, la mto, la mtaa wa mjini. Nani alimpa? Bwana kwa kujifurahisha, au Rose mwenyewe kwa makusudi, ajue mwanawe anabeba jina ambalo mji mzima unalitamka kwa heshima? Karatasi hazisemi. Mimi moyo wangu uko kwa Rose, lakini mwanafunzi wa historia hapewi maksi kwa moyo. Kilicho hakika ni kwamba miaka mia moja na zaidi kabla mabinti wa Kizungu wa Marekani hawajalivamia jina hili, lilikuwa tayari kwenye mgongo wa mtoto wa miaka 9 mwenye mfuko wa njugu.

Na tazameni nani alipata umaarufu kwanza. Mwaka 1936, miaka kumi na tano tu baada ya Ruth kutarizi mfuko wake, Margaret Mitchell wa Atlanta alitoa riwaya ya Gone with the Wind. Mwanaume anayependwa na shujaa wa kike wa kitabu anaitwa Ashley Wilkes, kijana wa shamba la watumwa, mpole, msomaji wa vitabu, anapigana vita upande wa Kusini na baada ya kushindwa hajui aishi vipi. Filamu ilitoka 1939, na aliyemwigiza Ashley alikuwa Mwingereza Leslie Howard. Leslie anamwigiza Ashley, majina mawili yaliyokuwa ya kiume na yote yakaja kuhamia kwa kina dada! Filamu hiyo inauonyesha utumwa kama maisha matamu yaliyoharibiwa na vita. Hattie McDaniel, mwigizaji mweusi aliyepata Oscar kwa filamu hiyo mwaka 1940, hakuweza hata kuhudhuria uzinduzi wake Atlanta kwa sababu ya ubaguzi. Basi kwa mamilioni ya watu duniani, Ashley wa Kusini ni yule bwana mpole. Ashley wa mfuko alisubiri mpaka 2007.

Miaka ya 1960 ndipo Wamarekani walipoanza kuwapa mabinti jina hili kwa idadi ya kuonekana. Mpole yule wa filamu huenda alilainisha njia, na sauti yenyewe inafanana na Shirley na Leslie waliokwisha kuhama. Mwaka 1982 tamthilia ya mchana The Young and the Restless ikamwingiza mhusika Ashley Abbott, mwanamke mrembo, msomi, wa familia ya kampuni ya vipodozi. Jina lilikuwa tayari linapanda, hapo likapaa. Mwaka 1991 na 1992 Ashley lilikuwa jina namba moja la watoto wa kike Marekani nzima. Na wavulana? Miaka hiyo hiyo ya 1990 likatoka kabisa kwenye majina 1000 ya kwanza ya wavulana.

Hiyo ndo sehemu inayonikera kidogo. Jina likianza kupendwa na wasichana, wazazi wa wavulana wanakimbia kana kwamba nyumba inaungua. Shirley lilikuwa la kiume mpaka Charlotte Brontë alipoandika riwaya ya Shirley mwaka 1849, ambamo wazazi walitaka mvulana wakapata binti wakampa jina lile lile walilopanga. Akaja mtoto nyota wa sinema Shirley Temple miaka ya 1930, na biashara ikaishia hapo. Evelyn vilevile: mwandishi Evelyn Waugh, mwanaume, alioa mwaka 1928 mwanamke anayeitwa Evelyn, ikabidi marafiki wawatenganishe kwa kusema Evelyn wa kiume na Evelyn wa kike. John Wayne, jabali la filamu za kauboi, wazazi walimwita Marion! Alibadilisha, bila shaka. Wasosholojia wakiongozwa na Stanley Lieberson (uwazi wenye mawe tena) waliandika mwaka 2000 kwamba majina ya jinsia zote hayatulii, yanaelekea upande mmoja. Ukimpa binti jina la kiume watu wanaona umempandisha. Ukimpa mvulana jina la kike wanaona umemshusha. Jina lenyewe halijabadilika hata herufi moja, kilichobadilika ni bei yake sokoni, na bei inashuka pale wanawake wanapolishika. Mkitaka ushahidi wa jinsi jamii inavyompima mwanamke, acheni hotuba, chukueni orodha ya majina.

Wapo waliong'ang'ania. Uingereza wavulana waliendelea kuitwa Ashley, ndiyo maana kina Cole wa 1980 na Young wa 1985 wapo. Msomi wa anthropolojia Ashley Montagu, aliyezaliwa London 1905 kama Israel Ehrenberg na kujichagulia jina la kibwana, alilitumia jina hilo kuandika mwaka 1942 kitabu cha kuivunja dhana ya mbari, na 1953 kingine cha kudai kwamba wanawake kwa maumbile ni bora kuliko wanaume. Mwanaume, Ashley, miaka ile! Huyo namvulia kofia. Na Australia wanayo yao: Wimbledon 1958 bingwa wa wanaume alikuwa Mwaustralia Ashley Cooper, jina kama la yule Earl kabisa, na 2021 bingwa wa wanawake akawa Mwaustralia Ashleigh Barty, ambaye kila mtu anamwita Ash, yaani umebaki mti peke yake.

Sisi Waswahili tuna unafuu. Lugha yetu haina "yeye wa kiume" na "yeye wa kike", anakuja ni anakuja tu. Na tuna majina yasiyouliza jinsia: Amani, Bahati, Tumaini, Riziki, Shukuru. Sijamwona baba anayemvua mwanawe jina la Bahati eti kwa kuwa jirani kapata Bahati wa kike. Ila nadhani hatuko salama sana, maana nasikia vijana wakisema Neema "haliwezi" kuwa la mvulana, wakati neema ni neema.

Marekani kwenyewe Ashley sasa si lolote, limeshatoka hata kwenye majina 100 ya kwanza ya wasichana. Mabinti wa 1991 wamevuka miaka thelathini, ndo wanaozaa sasa. Na moja ya majina waliyoyapenda kwa mabinti wao ni Riley, ambalo nalo lilikuwa la wavulana. Ukilipasua unakuta ryge, nafaka fulani ya ngano ngano ya nchi za baridi, na lēah. Uwazi ule ule msituni, safari hii wamepanda nafaka.